Kocha Aliyeukalia Mlango wa Chai

Kocha wangu aliniacha katikati ya mechi ya maisha yangu, akaenda kukaa kwenye mlango wa jikoni.

Sijatia chumvi hata punje. Seti ya tatu, Wales nzima inanitegemea mimi, na pale anapokaa kocha hapana mtu.

Naitwa Heledd. Nacheza badminton, ule mchezo wa kupiga kinyoya kwa raketi juu ya wavu. Kwetu watu wana wazimu wa raga. Sisi wa vinyoya tunachezea kwenye kumbi zinazovuja paa.

Kocha ni Eirlys Prosser. Enzi zake alikuwa moto wa kuotea mbali, bingwa wa taifa miaka mingi. Alipostaafu akaanza kufundisha watoto wa bonde letu, mimi nikiwa mmoja wao, mpaka akapewa timu ya taifa.

Chama cha badminton kilimpa shingo upande. Wiki ya mechi hii chama kikamwambia kavukavu kwamba tukifungwa na Waskochi, wanaleta kocha kutoka nje.

Mwenyewe hakutuambia. Tulisikia kwa watu, na sikupata usingizi. Yule mama ndiye aliyenifundisha kushika raketi.

Sasa, ukumbi wa Cardiff ulikuwa kwenye matengenezo. Mechi ikahamishiwa ukumbi wa zamani wa wachimba makaa, bondeni kwetu kabisa. Nikachekelea kimoyomoyo, kwa sababu ukumbi ule una siri.

Siri yenyewe ni mlango wa jikoni, nyuma ya upande mmoja wa uwanja.

Mama anayepika chai pale tunamwita Olwen Birika. Kwetu mtu hubandikwa jina la kazi yake, hata mwoka mikate ni Dai Mkate. Seti ya tatu, wachezaji wakibadilishana upande, Olwen hufungua mlango ule na kutoa chai na bara brith, mkate wetu wa zabibu kavu. Ndivyo ilivyokuwa tangu ujana wa bibi yangu.

Mlango ukifunguka, upepo wa bonde unaingia. Aliyeupa mgongo akinyanyua kinyoya, kinapeperuka mpaka nje ya mstari wa nyuma.

Wenyeji tunajua. Mgeni anabaki kuilaumu raketi yake.

Basi, kila timu ikawa imeshinda mechi mbili. Ikabaki mechi yangu na Catriona Baird, Mskochi mrefu, mkimya, asiye na haraka.

Seti ya kwanza nikachukua. Ya pili akachukua. Ya tatu akaanza kunikimbiza kama kuku wa sikukuu.

Sikushtuka. Nilikuwa narudisha vinyoya juu tu, nabana pumzi, nasubiri chai. Tukibadilishana upande, yeye ndiye ataupa mlango mgongo.

Tukafika mapumziko ya kubadilishana upande. Kumi na moja kwa sita, yeye mbele. Nikasogea pembeni kumsubiri kocha, maana huo ndio wakati wake wa kuja kukuambia kitu.

Eirlys hakuja. Alibeba kiti chake, akapita pembeni ya uwanja polepole, akichechemea kwa lile goti lake bovu, akakiegemeza kwenye mlango wa jikoni. Akakaa. Akakunja mikono.

Yeye alizaliwa bonde hilihili, anajua mlango ule kuliko mimi.

"Kocha, toka hapo," nikamwambia.

"Cheza, Heledd."

"Nakuomba. Toka hapo."

"Chai hakuna leo. Cheza."

Watu wakaanza kunong'ona. Mzee mmoja akauliza kwa sauti kama Eirlys amehongwa na Waskochi, na wenzake wakacheka, lakini mimi nililichukua neno lile lilivyo. Nilimchukia yule mama. Sijawahi kumchukia mtu namna ile.

Refa akatuita.

Nikaacha kunyanyua vinyoya. Kunyanyua kwa faida gani, na upepo umekaliwa? Nikaanza kushambulia. Nikadondosha karibu na wavu, nikapiga mwilini, nikajirusha sakafuni mpaka goti likachubuka. Kila pigo nililipiga nikimwangalia mtu aliyeketi nyuma ya Baird.

Kumi na tisa sare. Nikapata moja. Ikabaki pointi moja tu nishinde mechi.

Baird akaninyanyulia kinyoya juu sana, kikaja kwenye mstari wangu wa nyuma kabisa. Miaka yote pale nyumbani, kinyoya cha namna ile saa ile ya chai unakiacha kijiendee nje.

Nikatupa jicho mlangoni. Umefungwa. Kinyoya kinaangukia ndani.

Nikaruka, nikakipiga chini kwa nguvu zangu zote. Baird hakukigusa.

Wenzangu walinivamia kwa furaha, nikajichomoa, nikaenda moja kwa moja kwa kocha.

"Ulitaka nifungwe?"

Akainuka, akasogeza kiti. "Haya, ufungue mlango wako."

Nikavuta. Haukutikisika. Nikavuta kwa mikono miwili. Hapo ndipo nikaona misumari, imezunguka fremu nzima, vichwa vimepakwa rangi ileile ya kijani ya mlango.

Kumbe dhoruba ya majira ya baridi iliung'oa, wakaupigilia moja kwa moja. Tangu hapo Olwen anatolea chai mlango wa mbele, mechi ikiisha. Mimi sikuwa nimefika nyumbani tangu Krismasi.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Nilikuona unausubiri. Hukuwa na mpango mwingine, ningekuambia ungefia palepale. Lakini ukinikasirikia mimi, unacheza. Nakujua tangu una meno ya utoto."

Kisha akaniambia jambo ambalo hakuwahi kulisema. Fainali yake ya mwisho aliichezea humuhumu. Olwen alikuwa anaumwa siku hiyo, chai haikupikwa. Eirlys aliukodolea macho mlango ule mpaka refa akamtangaza mpinzani wake kuwa mshindi.

Nililia, siwafichi. Yule mama alikuwa ameweka kazi yake na jina lake juu ya kiti kile, na alikuwa tayari nimchukie mpaka kufa mradi nicheze.

Kocha bado ni yeye.

Na wewe unayesoma, kama kuna mlango unausubiri ufunguke ndipo uanze, chukulia umepigiliwa misumari. Uanze leo.