Kitabu Chekundu cha Babu

Juzi mjukuu wangu kanikalisha barazani anifundishe sataranji ya kwenye simu. "Bibi, hii huiwezi," akanitania. Loo! Nikamfunga kabla chai haijapoa, kisha machozi yakanitoka, mtoto wa watu akadhani kanikosea.

Mie nimelelewa na babu yangu Temeke, wakati wa Mwingereza, nyumba ya makuti. Babu alizaliwa kabla Mjerumani hajaja, na ujanani mwake hakuna aliyemfunga sataranji. Hakucheza kwa fedha. Ukishindwa, unamwachia kitabu. Sanduku lilijaa hata bibi akawa ananung'unika: "Mume wangu kaoa makaratasi!"

Nikishamenya muhogo, ananiita tucheze, kahawa yake ya tangawizi ikinukia ua mzima. Macho yalikuwa yameshamfifia. Kete zake, farasi na tembo, akizitambua kwa kupapasa. Kitabu kimoja, chenye jalada jekundu, alikiandika mwenyewe: michezo yake yote, kwa herufi za Kiarabu. "Nikifa kichukue wewe," aliniambia. "Humo nimo mimi." Nami chuoni ndo kwanza naunganisha alifu na bee, mwandiko wake ulinishinda.

Masika moja paa likavuja, mchwa wakaingia sandukuni. Babu yu kitandani, homa na kikohozi vimemlaza. Bibi akanituma nivitenge vitabu: vizima nivianike, vilivyooza nivizike uani, maana karatasi ya herufi zile haitupwi jalalani, huenda ina jina la Mungu. Nikachimba pasipokanyagwa na mtu, nikazika kwa adabu zote. Rundo moja halikuwa na jalada. Nikalizika nalo.

Babu alipopata nafuu akataka kitabu chake. Nikapekua weee, nikakuta vipande vyekundu chini ya sanduku, mchwa wamevitafuna. Nikakimbia kufukua, lakini mvua ya siku tatu ilikuwa imeshaiyeyusha karatasi yote, imekuwa uji.

Nikarudi nikilia. Babu akanishika mikono, akayapapasa matope, akajua.

"Ulisoma bismillahi?"

"Nilisoma, babu."

"Basi umenizika vizuri," akasema, akageukia ukutani.

Hakucheza tena. Ramadhani haikumkuta. Pale uani sasa wanauza saruji.

Nilipomsimulia hayo, mjukuu wangu akanifuta machozi, akaniomba nimwoneshe babu yangu alivyokuwa akicheza. Nikakumbuka kikohozi chake, nikakumbuka na kahawa. Mchezo wake, hata mmoja, sikuukumbuka.