Mashati Mawili ya Babu

Mzee niliyemhudumia nyumbani kwake Apple Valley, huku ughaibuni, alikuwa mwanahistoria. Vitabu vyake vyote vilihusu wafalme wa Uingereza na ugomvi wao na bunge. Mimi shule sikufika mbali, lakini akinisimulia nilijiona malkia, ufagio mkononi. Nilimwita Babu.

Asubuhi moja ya theluji, nikimvalisha, aliniomba shati la pili.

"Yule mfalme wangu aliyegombana na bunge alivaa mawili siku ya kukatwa kichwa," akasema. "Hakutaka kutetemeka kwa baridi, watu wakadhani anaogopa."

"Babu, leo hakatwi mtu hapa. Leo ni uji tu!"

Hakucheka. Alikuwa akiusikiliza mlango. "Wananiita."

Mimi sikusikia kitu. Lakini kwetu, ukiitwa na usiyemwona, huitiki mpaka mara ya tatu, maana mbili za kwanza huenda si mtu. Nikamshika mkono. "Usiitike, Babu. Tafadhali."

"Hii ni ya tatu," akanong'ona kwa upole.

Mkono wake ulikuwa umetulia kabisa. Wangu ndio uliotetemeka. Nikamvalisha shati la pili, nikafunga vifungo kimoja kimoja, polepole, ili tuchelewe.