Siku Mpwa Wangu Alipoulizwa Mwenyewe

Namshukuru Mwenyezi Mungu, Mwingi wa rehema, aliyenipa umri mrefu na bado akaniachia hamu ya kuuliza. Rehema na amani zimfikie Mtume wake na wote waliomfuata.

Mpwa wangu, mtoto wa marehemu dada yangu, aliachika huko Msimbu. Yeye na mumewe walikuwa na nyumba ya matofali waliyoijenga pamoja, na mikorosho nyuma yake. Shauri la kugawana lilipofika mahakama ya mwanzo, halikuchukua muda. Baba mdogo wa mpwa wangu, ambaye ndiye msemaji wa ukoo wao, alisimama akasema wamekwisha elewana: mume abaki na nyumba na mikorosho, mke achukue vyombo arudi kwao. Hakimu akayapokea makubaliano na kuyatolea uamuzi. Mpwa wangu alikuwepo, ameinamisha kichwa.

Baadaye akanipigia simu. Mume alikuwa amepata mtu wa kuinunua ile nyumba, na mpwa wangu ameiomba mahakama ya wilaya iupitie upya uamuzi. Nilishangaa. Nilidhani watu wakipatana, mahakama imemaliza kazi. Sikujua kwamba mapatano nayo yanaweza kuchunguzwa. Siku ya shauri nikatoka kwangu Dutumi baada ya swala ya alfajiri kwenda Kisarawe, na kusema kweli udadisi ulinisukuma karibu sawa na udugu.

Hakimu wa mahakama ya wilaya, mwanamke wa makamo mwenye sauti ya chini, alisoma jalada, kisha akauliza ni nani aliyesema wamekubali. Baba mdogo akainuka palepale.

"Tulikubali, Mheshimiwa."

"Mzee wangu, wewe ndiye uliyeachika?"

Watu wakacheka, hata yule mume. Baba mdogo akakaa, kofia mkononi. Hakimu akamgeukia mpwa wangu, akamuuliza kwa nini siku ile hakupinga.

"Baba mdogo alikuwa anazungumza," akajibu. "Ningemkatishaje?"

"Na ungeulizwa wewe?"

"Ningesema nataka nyumba. Maji ya kufyatulia yale matofali nimeyabeba mimi."

Mume naye alipoulizwa, alisema aliambiwa mke ameridhia, naye akaamini. Sikuona uongo usoni mwake. Kwetu ndivyo tunavyofanya: mkubwa akishasema, wote tumesema.

Hakimu alipotoka kwenda kuandika uamuzi, nilibaki na swali langu. Miaka mingi nimewafundisha vijana madrasani hukumu za ndoa. Mwanamwali akiulizwa kuhusu kuolewa akanyamaza, kimya chake ni ridhaa. Aliyewahi kuolewa kabla hana budi atamke mwenyewe. Hayo tunayaangalia sana kwenye mlango wa kuingilia ndoa. Yakoje kwenye mlango wa kutokea? Sikuwahi kujiuliza, wala sikumbuki mwanafunzi aliyewahi kuniuliza.

Uamuzi ulikuwa mfupi. Makubaliano yale yalitenguliwa kwa kuwa mwenye haki hakuulizwa. Shauri lirudi likasikilizwe upya mbele ya hakimu mwingine, na nyumba isiuzwe hadi liishe.

Nje tulimkuta baba mdogo amekaa peke yake, amenuna. Mpwa wangu akamwendea, akachuchumaa mbele yake, akamuuliza kama atakuja siku ya kusikilizwa.

"Nije kufanya nini? Si nimekatazwa kusema?"

"Uje ukae karibu yangu, baba. Nitaogopa nikiwa peke yangu."

Mzee akakung'uta kofia yake, akaivaa, akanitazama mimi kana kwamba nami nilihusika. Kisha akamwambia ampelekee habari mapema, asije akamshtukiza.

Nyumba itakuwa ya nani, bado hatujui, anajua Mola. Lakini mpwa wangu alirudi kwao akiwa ameanza kupanga maneno atakayosema, akiniuliza njiani lipi litangulie.

Nawe uliyeyasoma haya, Mwenyezi Mungu akupe makazi yenye utulivu, na awajaalie wakubwa wako subira ya kukusikiliza mpaka umalize. Amin.