Kesho Atarudi kwa Miguu

Mimi hakuna kitu kinachoweza kunishangaza. Niliingia Stockholm na elimu yangu ya darasa la nne, leo magari saba ya kampuni ya usafi yana jina langu ubavuni. Lakini majuzi binti yangu alinipeleka kuona sinema bubu, mtu akipiga piano kando ya pazia. Piano ilipolia tu, nikanusa petroli ya jenereta ya ukumbi wa parokia kwetu Bujumbura. Sinema yenyewe ilikuwa ileile.

Utotoni mwangu padri wa parokia alikuwa na sinema hiyo moja tu. Binti wa tajiri anampenda mtunza farasi wao. Baba yangu, fundi baiskeli, ndiye aliyeifufua mashine kila ilipokwama. Mama alisimama mbele na kutusomea kwa Kiswahili yale maandishi ya Kifaransa. Mke wa fundi baiskeli anasoma Kifaransa kama maji, na hakuna aliyejiuliza ameyachota wapi.

Mwishoni binti wa tajiri anapanda gari la farasi la babaye, farasi wanaondoka, maandishi yanatokea. Mama anasoma: "Anakwenda kumuaga baba yake. Kesho atarudi kwa miguu."

"Na viatu vile vya visigino?" jirani yetu mmoja haachi kuuliza.

"Atavivua," Mama anamjibu.

Wanawake wanapiga vigelegele. Baba anainamia koleo yake.

Sasa huku maandishi yalikuwa ya Kiswidi, nami Kiswidi nakisoma. Yalisema: Alimsahau.

"Uongo," nikasema, ukumbi mzima ukasikia.

"Pappa, tyst," binti yangu akaninyamazisha kwa Kiswidi chake. Sikunyamaza.

Nikatoka hapo moja kwa moja hadi mtaa wa Rågsved, anakoishi Mama. "Mama, ulitudanganya."

"Niliwasahihishia," akasema, macho kwenye chai yake. "Na viatu nilivivua kweli."

Ndipo nikaelewa kwa nini hatukuwahi kumwona babu, baba yake Mama, wala kuambiwa nyumba yake ilikuwa mtaa gani.

Nikarudi kwa wenye ukumbi, nikaomba Mama aisomee sinema yao. Wakasema sinema bubu haisemewi juu, ni piano tu. Nikaukodi wote. Watu wetu wakaja kutoka vitongoji vya Tumba na Hallonbergen, Mama akasimama mbele na fimbo yake, akausoma mwisho kama unavyotakiwa kusomwa. Vigelegele vikatoka hadi barabarani.

Ukumbi, pamoja na mpiga piano niliyemlipa akae kimya: krona elfu kumi na nne, mia tatu na hamsini.