Kisima Kisichokuwa Kwenye Ramani

Siku yangu ya kwanza katika ofisi ya upimaji ardhi, Garissa, nilikabidhiwa mnyororo wa chuma wa kupimia umbali nikaambiwa nisiukanyage kamwe. Vita vya kujitenga vilikuwa vimepamba moto, na hatukutoka mjini bila kibali cha jeshi.

Mpima Mkuu alikuwa Mjerumani wa Saksonia. Ukutani alibandika picha ya kwao: miamba mirefu kama minara, imesimama juu ya mto Elbe, na daraja la mawe limeunganisha vilele. Niliitazama hadi chai yangu ikapoa.

"Kwetu hata mtoto hapotei," alisema. "Hapa ni tambarare tupu. Nitapima nini?"

Mwaka uliofuata tulielekea upande wa Wajir na mfugaji mzee tuliyemwita Adeer, yaani ami kwa Kisomali. Risasi kutoka vichakani zikatoboa rejeta na mapipa yetu ya maji. Hakuumia mtu, ila gari lilikufa, na jua lilikuwa utosini. Mpima Mkuu akatoa dira, akaonyesha kusini, kuliko na barabara.

"Wallahi, huko tutakufa," Adeer akasema. "Unaona ile vichuguu mbili? Mama na mtoto. Mbele iko mti imeinama. Nyuma yake, maji."

Sikuona ila vichaka. Tukamfuata. Vichuguu vikatokea, vyekundu, virefu kutushinda; kisha mti; kisha laga, mto mkavu, na ndani yake kisima kilichochimbwa na babu zake. Ngamia walikizunguka, watu wakipokezana ndoo za ngozi kwa wimbo. Mpima Mkuu alikunywa, akavua kofia, akageuka polepole akitazama pande zote.

"Nimekuwa kipofu," alisema.

Tuliporudi, afisa wa jeshi alijua tusingepona bila maji, akataka tukionyeshe kisima kwenye ramani. Tulijua jeshi lilikuwa likifukia visima ili wapiganaji wasinywe. Daftari la vipimo nililiandika mimi, akaniuliza mimi. Kudanganya kungenitia ndani.

"Wafugaji walitupa maji, Afande. Kisima sikukiona."

"Nami pia," akasema Mpima Mkuu.

Nimestaafu sasa. Nilipima barabara na viwanja vya mtaa wa Galbet, Garissa, na watu hunisifu kwa hayo. Mwaka jana nilirudi kwenye kile kisima, natembelea fimbo. Mama mmoja alinipa maji kabla hajaniuliza mimi ni nani. Nilikunywa, kisha nikamwambia mimi ndiye niliyesema sikukiona kisima hiki.