Nani Alimpungia Nani

Mji wetu umo ndani ya filamu moja tu, ya zamani, isiyo na rangi, na hata humo haukai dakika mbili. Treni inaondoka stesheni, watu arobaini na mmoja wanaipungia mikono, basi. Lakini kwa mkutubi mstaafu tunayemwita Bi Filamu, kipande hicho ndicho dunia nzima. Ukimuuliza saa, atakutajia mwaka filamu ilipopigwa.

Miaka kumi na minane amebisha hodi nyumba kwa nyumba, daftari kwapani, swali lake lilelile: siku ile wapiga filamu walipowaambia mpunge kana kwamba mnaagana na mtu mnayempenda, wewe, moyoni, ulimpungia nani? Mwashi alimpungia kaka yake aliyezama mtoni. Mkunga alimpungia mchumba ambaye mumewe hajapata kumsikia, halafu akaomba ukurasa wake ubandikwe gundi. Bi Filamu akaubandika. Siri ya mtu ni siri, hata kwa mwanahistoria.

Kilichomnyima raha ni mstari wa marehemu baba yake, uliobaki mtupu daftarini. Kwenye filamu anaonekana pembeni, kofia mkononi, akicheka kicheko ambacho nyumbani hakikuwahi kuonekana.

"Alimpungia yule mwigizaji wa kike dirishani mwa treni," mama yake husema. "Mtu mzima ovyo! Usiniandikie upuuzi huo."

Mama, aliyekuwa mfagiaji wa mabehewa, aliitazama filamu ile mara moja tu, akanuna. Mumewe alizikwa bila kuulizwa. Sasa mama ana miaka tisini na moja, macho yanafifia, na Bi Filamu anaogopa kwamba kinyongo hicho ataondoka nacho.

Wiki iliyopita alirudi mjini kinyozi mzee aliyesimama bega kwa bega na baba siku ile. Bi Filamu hakungoja hata anywe maji.

"Mwigizaji?" kinyozi akacheka. "Yule alikuwa behewa la kwanza, binti yangu. Baba yako alilikodolea macho la tatu. Nikamwambia, we bwana, hilo tupu! Akanijibu, mke wangu yumo."

Miaka yote hiyo Bi Filamu alikitazama kicheko, mabehewa hakuyahesabu.

Alasiri hiyo alifunga mapazia, akatundika shuka jeupe ukutani na kuwasha projekta, huku mama akinung'unika kitini.

"Mama, siku ile ulikuwa wapi?"

"Wapi tena? Sakafuni! Walituambia tuchutame tusionekane. Nimekumbatia ufagio, magoti yananiuma, na baba yako huko nje anachekea wanawake."

"Behewa la ngapi?"

"La tatu. Kwani?"

"Basi tazama mkono wake."

Treni ikaanza kwenda, kimyakimya. Likapita la kwanza na mwigizaji wake. Watu wote wanapunga, baba kashika kofia tu. Likapita la pili. Likaja la tatu, madirisha matupu, na mkono wa baba ukapanda juu.

Machozi yalimtoka mama bila kufutwa.

"Irudishe," akasema hatimaye.

Treni ikarudi kinyumenyume mpaka stesheni, ikaondoka upya.

"Irudishe tena."

Mara ya tatu, la tatu lilipokaribia, mama alishika mikono ya kiti, akajikongoja, magoti yakilia, akasimama wima mbele ya mwanga. Kivuli chake kikaangukia shuka, pale penye dirisha tupu, kikapunga mkono.