Siku Zilizochelewa

Mama alishinda kesi ya shamba letu la Susuni dhidi ya taasisi moja ya umma iliyotaka kujenga ghala pale. Muda wa kukata rufaa ulipita bila wao kukata, naye akapanda mihogo. Miezi kadhaa baadaye tukaletewa wito: taasisi ilikuwa inaiomba mahakama iwaongezee muda.

Tulikwenda Musoma pamoja. Kiswahili cha mama ni cha kuungaunga, kwa hiyo nilikaa karibu naye nikimtafsiria kwa Kikurya, kwa sauti ya chini. Wakili wa taasisi alieleza kwamba jalada lilizunguka ofisini likisubiri saini.

"Siku zote hizo lilikuwa kwa nani?" jaji aliuliza. "Nieleze siku baada ya siku."

Wakili alipekua karatasi zake, akasema maelezo hayo hana.

Jaji akamuuliza mama kama ana la kusema. Mama akasimama, na hakuningoja nimsemee.

"Mheshimiwa, mimi nilikuja kila siku niliyoitwa. Hata wiki niliyozika mume wangu, nilikuja."

Ilikuwa kweli. Tulimzika baba siku ya Jumanne, Alhamisi tukawa mahakamani.

Maombi yao yalikataliwa. Jaji aliandika kwamba muda wa sheria unaibana serikali kama unavyombana raia. Nilipomsomea mama nakala ya uamuzi huo nyumbani, aliniuliza kama wanaweza kuomba tena. Nikamwambia wanaweza kwenda mahakama ya juu zaidi.

"Basi hiyo karatasi iweke mahali pasipovuja," akasema.